Siku ya Rafiki Ilipotetema

Mpigasiku alianza kwa kuwalaumu ndege. Asubuhi moja alifungua dirisha, akasikiliza, akasema peke yake, maana hakuwa na wa kumwambia: "Ndege wa mji huu wamehama, na wala hawakuaga." Baadaye akawageukia wanawake. Muuza maziwa, ambaye zamani sauti yake ilikuwa inavuka mitaa miwili, siku hizi, kwa maoni yake, alinong'ona kama mtu aliyekuja kuiba. Akamwambia wazi: "Wewe mama, kama maziwa umeyatia maji sema tu, usininong'oneze." Yule mama akamtazama, akamtilia maziwa, akaenda zake midomo ikicheza. Mpigasiku akafunga mlango. Dunia imekosa adabu, akaona, na ukishaona hivyo huna tena la kujiuliza.

Kazi yake ilikuwa kubwa, msiione hivi. Katika mji huo tarehe haikuandikwa ukutani, ilipigwa. Kila asubuhi, jua likishatoka, Mpigasiku alipanda ngazi sabini na mbili za Ofisi ya Tarehe mpaka chumba cha juu kisicho na madirisha ila matundu, akapiga vyuma viwili kwa pamoja: kikubwa cha mwezi na kidogo cha siku. Mji mzima ulisimama kidogo kusikiliza, kisha watu wakajua leo ni lini na leo kunafaa nini.

Miezi ilikuwa kumi na miwili, na kila mmoja chuma chake kilikuwa rafiki wa kile cha mwezi uliotangulia, yaani ukivipiga pamoja vinaelewana bila kusukumana. Ungefikiri ukienda hivyo mara kumi na mbili utarudi ulipoanzia. Thubutu! Muziki nao una ukaidi wake. Unarudi karibu na ulipoanzia, si palepale. Panabaki tofauti ndogo, kama kiatu kinachobana kidole kimoja tu. Wazee waliotunga kalenda walihangaika na tofauti hiyo mpaka wakachoka, wakaifanya siku: mwisho wa mwaka, siku moja isiyopigwa chuma, iitwayo Siku Bubu. Aliyezaliwa siku hiyo huitwa Bubu hadi anaingia kaburini, hata awe mpayukaji namna gani. Karani wa Ofisi ya Tarehe, baba wa watoto watano na kipara cha heshima, alikuwa Bubu wa namna hiyo. Ukimuuliza njia, atakueleza na ukoo wa aliyeichimba.

Siku za wiki zilikuwa saba, na vyuma vyake vilipewa majina kwa jinsi vinavyokaa na kile kikubwa. Ya kwanza Shina, sauti ileile ya mwezi. Ya pili Jirani, ambayo imekaribia mno mpaka wanagombana. Halafu Dada, Mjomba, Rafiki, Shangazi. Ya mwisho ni Mgeni, sauti isiyotulia, ambayo ukiisikia unaona kabisa inataka kwenda kwao. Siku ya Mgeni hakuna aliyebisha hodi kwa mtu, hakuna aliyefunga mkataba. Ndoa ndiyo kabisa, usitaje.

Mambo yote mema yaliwekewa siku ya Rafiki: harusi, mapatano, kuhamia nyumba mpya, kumwomba radhi uliyemkosea. Lakini kwa sharti moja. Sauti mbili zikitulia pamoja kama kitu kimoja, watu husema imepatana, na mambo yanaendelea. Zikipishana hata unywele, sauti inatikisika hewani, wa-wa-wa-wa, watu husema imetetema, wanaahirisha. Kwa sababu wazee walitaka isikike mbali, chuma cha Rafiki walikifanya kidogo kuliko vyote, kama kidole cha mtoto, na sauti yake nyembamba kuliko zote. Kila mwezi mpya ukiingia, Mpigasiku alikishusha, akakipiga tupa taratibu, huku kidogo, kule kidogo, mpaka kikubaliane na chuma cha mwezi huo. Hiyo ndiyo iliyokuwa kazi yenyewe. Kupiga hata mbuzi angepiga. Na kanuni ilisema: sikio ni la Mpigasiku, hasahihishwi na mtu.

Alikuwa ameifanya kazi hiyo miaka thelathini na minane. Mkewe alikufa ikiwa imefika ishirini na tano. Akabaki na binti mmoja, mwenye sauti nzito ya mama yake na kichwa kigumu cha baba yake, na kwa miaka kadhaa nyumba ile ya vyumba viwili nyuma ya kiwanda cha matofali ikawa na kelele za kutosha.

Halafu binti akaolewa siku ya Mgeni.

Hebu fikiria! Mwenye siku zake, aliyewapangia watu harusi mji mzima, binti yake wa pekee anaolewa siku ambayo hata mbwa haolewi. Binti alikuwa na sababu. Mchumba wake, fundi bomba, alikuwa anaanza kazi kesho yake kwenye kinu upande wa pili wa vilima, asingerudi kabla ya miezi mitatu. "Baba," alisema, "chuma ni chuma. Mimi naolewa na mtu." Mpigasiku akamjibu neno ambalo tangu hapo lilimkaa kooni kama mwiba wa samaki: "Umechagua siku ya kuondoka. Basi ondoka." Harusini hakwenda. Hasira hasara, wote tunaisema hiyo methali, na wote tunaingia kichwakichwa.

Miaka minne ikapita. Alikula kwa sufuria moja, bakuli moja, kijiko kimoja. Kile kiti kingine alikiwekea nguo za kupiga pasi, na nguo hazikupigwa pasi. Alisikia kwa watu kuwa amepata mjukuu wa kike. Alisema "Haya," akaenda zake, akakaa kitandani na viatu mpaka saa sita mchana. Alitaka kwenda. Kila wiki alitaka kwenda, na kila wiki alijiambia: aliyeondoka ndiye hurudi. Upweke ulimtafuna vibaya, na watu nao mwaka huo walizidi kumkwepa. Akiingia dukani mazungumzo yanakatika. Wasichana wakimwona wanageuza uso. Yeye akasema ni uzee. Mzee hana rika.

Ndipo ikaja barua.

"Baba, shikamoo. Mume wangu amepata kazi mbali sana, mwendo wa siku tisa kwa lori. Tunaondoka Shina hii inayokuja, na sijui kama tutarudi. Mtoto ana miaka mitatu na hajakuona. Sitaki kubisha hodi nikafukuzwa mbele yake. Basi nafuata desturi yako: siku ya Rafiki nitakuja naye, nisimame kona ya kiwanda nisikilize. Ikipatana, nitajua umenisamehe, nitaingia. Ikitetema, nitajua ndilo jibu lako, kwa sababu mkono wako haujawahi kukosea. Sitakulaumu. Mwanao."

Aliisoma akiwa amesimama, akaisoma ameketi, akaisoma tena kwa sauti. Kisha mzee wa watu akafanya jambo ambalo hakulifanya tangu mkewe afe: akapiga pasi. Nguo zote. Kiti kikawa wazi. Akanunua bakuli mbili na kikombe kidogo chenye picha ya samaki, akakiosha mara tatu ingawa kilikuwa kipya.

Siku ya Mjomba, kesho ikiwa Rafiki, alipanda ngazi mchana na tupa yake nyembamba. Hakuridhika na kile chuma. Alikiona kama kimefifia, kama kinaongea toka chumba cha pili. Akasema moyoni, kesho haitakuwa Rafiki ya kawaida, kesho itakuwa safi mpaka watu waulize kuna nini. Akakiweka magotini, akapiga tupa, akagonga, akainamisha kichwa. Akapiga tupa tena. Alikaa nacho mpaka jua likaingia matundu ya upande wa pili, na alipomaliza magoti yake yalikuwa meupe kwa vumbi la chuma. Alishuka amechoka na amefurahi.

Asubuhi akapiga. Kikubwa na kidogo, mara moja, kwa mkono uliotulia. Akafumba macho. Ilipatana! Kwake ilipatana kama maji na maji. Akatia sahihi kwenye daftari bila kulisoma, kama alivyotia sahihi miaka yote, akamwambia Bubu, "Leo nina wageni, usinitafute," akashuka zile ngazi kama kijana wa posa.

Alitandika meza. Mayai, mkate, chai kwenye birika lililofunikwa taulo. Akaacha mlango wazi. Mara ya kwanza aliposimama mlangoni, barabara ilikuwa na watu wa kiwandani tu. Mara ya tano, hata hao walikuwa wameingia kazini. Chai ikapoa, akaipasha. Ikapoa tena, akaipasha tena, ikawa nyeusi. Saa saba alienda mpaka kona, akamkuta muuza maziwa amepanga madebe yake, akamuuliza kama ameona mwanamke na mtoto. Yule mama akasema kitu kirefu akionyesha kwa mkono barabara ya vilima, naye hakushika hata neno. "Ongea basi!" akafoka, akaondoka kabla hajajibiwa. Jioni alikula mayai yote sita peke yake, yamepoa, kwa hasira, kama anamkomoa mtu.

"Ahadi za wanawake," alisema. Alimtaka mwanawe. Basi.

Siku ya Shangazi alipiga vyuma akarudi nyumbani bila kuaga wala kutia sahihi. Siku ya Mgeni, aliposhuka baada ya kupiga, Bubu alimwekea daftari mbele, sahihi za siku mbili zimepungua, ya jana na ya leo. Mpigasiku akalichukua, na kwa mara ya kwanza kwa miaka akalisoma. Alitaka kuona kwa maandishi neno lile, imepatana, ili awe na ushahidi wa nani aliyevunja ahadi.

"Bubu! Umeandika nini hapa?"

"Kilichotokea, Mzee."

"Imetetema? Rafiki niliyoinoa mimi, imetetema? Umeanza kulewa asubuhi siku hizi?"

Bubu akasogea, akasema karibu na uso wake. "Ilitetema, Mzee. Ilitetema vibaya, kama meno ya mwenye homa. Mke wangu aliacha kufua akatoka nje. Fungua ukurasa wa nyuma."

Akafungua. Imetetema. Akafungua mwingine. Imetetema. Rafiki tisa mfululizo, kila moja na sahihi yake chini, maridadi, yenye mkia.

"Wiki tisa! Na hukuniambia?"

"Kanuni, Mzee. Sikio ni lako, mimi kalamu tu." Karani akajifuta kipara. "Halafu watu... watu wanasema unafanya makusudi. Kwa kuwa binti yako aliolewa siku ya Mgeni, umeapa haolewi mtu mji huu. Kuna mabibi harusi kumi na mmoja wanangoja, wengine nguo zimeanza kuwabana."

"Na wewe ulisema nini?"

Bubu, mpayukaji wa mji mzima, hakusema neno.

Mpigasiku alipanda tena ngazi sabini na mbili. Akashika kile chuma kidogo, akakipiga. Alisikia tak, mti wa nyundo ukigusa. Akangoja. Akapiga tena, kwa nguvu. Tak. Akakigusa kwa ncha za vidole, kikawa kinatetemeka, kizima, kinapiga kelele mkononi mwake, na yeye hasikii kitu. Wiki zote hizo chuma kikubwa alikuwa anakisikia, na hiki kidogo alikuwa anakikumbuka tu. Na mtu aliyefanya kazi moja miaka thelathini na minane, kukumbuka na kusikia kwake ni nguo moja.

Basi ndege wapo, aliwaza, akaketi chini.

Halafu akawaza kona ya kiwanda. Mwanawe amesimama pale na mtoto mkononi, amevaa vizuri, amesikiliza. Akapata jibu lake, wa-wa-wa-wa, kutoka kwa baba yake mzazi. Na kesho ni Shina.

Aliinuka. Alimwachia Bubu nyundo bila maelezo, akatoka na shati la kazi. Lori la matofali lililokuwa linaelekea kinuni lilimpakia. Dereva aliongea njia nzima na Mpigasiku akaitikia "ndiyo" na "kabisa", akiomba kimoyomoyo asiwe amekubali jambo la kipuuzi.

Nyumba ya fundi bomba aliitambua kwa mabomba yaliyofungwa uani pamoja na godoro, masanduku na karai. Mkwe wake alikuwa anakaza kamba. Alipomwona alisimama wima, akasema shikamoo, kisha akagundua kuwa kuna kamba muhimu sana ya kukazwa nyuma ya nyumba, akaenda. Kijana ana akili, Mpigasiku aliwaza. Aibu ilimshika kwamba hilo alilijua leo tu.

Binti alikuwa mlangoni, ufagio mkononi. Hakusogea.

"Leo Mgeni, Baba. Siku ya Mgeni mtu habishi hodi. Si ulinifundisha mwenyewe?"

Sauti yake nzito ilimfikia yote. Alishukuru kwa hilo.

"Sikubisha. Nimekuta mlango wazi."

Zamani binti angecheka. "Umefuata nini? Nimeshasikia jibu lako. Nilisimama pale kona nimembeba mtoto, nimemvalisha gauni jipya. Ungesema tu hutaki. Usingetangazia mji mzima kwa chuma."

"Nilidhani imepatana, mama."

"Baba, tafadhali."

"Nilidhani imepatana! Niliinoa siku nzima. Nilikungoja mpaka jioni, nimepasha chai mara nne. Masikio yangu yamekwisha, mwanangu. Nimejua leo. Kile kidogo sikisikii kabisa."

Aliona hakuaminiwa. Na angeaminiwaje? Ni yeye aliyekuwa akimwambia mkewe, toka chumba cha pili, ni kikombe kipi kina ufa. Binti aliegemeza ufagio ukutani, akakunja mikono.

"Wewe? Wewe usisikie Rafiki?"

"Mimi."

"Wiki hiyohiyo niliyokuandikia."

"Wiki tisa. Kamuulize Bubu. Mji mzima unanichukia, na mimi nimekaa nasema ni uzee." Machozi yalianza kumtoka na hakuyafuta. "Lakini sikuja kwa ajili ya hilo. Nimekuja kwa lile neno. Nilikwambia ondoka. Lilikuwa neno baya, nimelijua ni baya siku ileile, nikalifuga miaka minne kwa kiburi. Nisamehe. Hata ukienda kesho, nenda umenisamehe. Nimekaa peke yangu mpaka nimekuwa mjinga. Nisamehe, mama."

Aliyasema yote hayo ameshika nguzo ya kibaraza, ua ukiwa nyuma yake. Alitazama uso wa binti, akaona haumtazami tena. Ulikuwa unatazama nyuma yake, chini, karibu na miguu yake. Na ile mikono iliyokunjwa ikafunguka yenyewe, mkono mmoja ukaenda mdomoni.

"Nini?" aliuliza.

 Macho ya binti yalimpanda baba yake, yakarudi chini, yakampanda tena.

Mpigasiku akageuka. Nyuma yake, hatua moja tu, alisimama mtoto wa kike, mnene wa mashavu, kandambili moja mguuni na nyingine mkononi. Alikuwa ameshika upindo wa shati lake. Uso ulikuwa mwekundu kwa bidii, shingo imevimba mishipa, na mdomo wake mdogo ulikuwa unafunguka na kufumbika, unafunguka na kufumbika. Alisoma midomo kama anavyosoma kijana wa darasa la kwanza, herufi kwa herufi. Ba. Bu.

Akapiga magoti, sikio moja karibu na mdomo wa mtoto. Pumzi ya moto ilimgusa. Akangoja.

"Mwambie aseme tena," alimwambia binti yake. "Mwambie aseme kwa sauti, asiniogope."

Binti alikuwa ameshuka kibarazani, amepiga magoti pembeni yake, mkono wake umemshika bega, na kwa ile sauti ya mama yake, taratibu, ili amsikie, alisema:

"Anapiga kelele, Baba."